Bomu Ambalo Halikulipuka

Nakumbuka asubuhi moja ya manyunyu, Muzee Birindwa, mzee wa mtaa wetu, alipotuma mtu kutuita, sisi na jirani zetu, tukae wote kwenye baraza yake. Ila kabla hatujafika huko, mwanangu, acha nikuambie kwa nini naikumbuka asubuhi hiyo leo. Jana tulikuwa tunachambua maharagwe, redio ikasema mataifa makubwa yanaongeza tena mabomu ya nyuklia, na kwamba mikataba waliyowekeana ya kuyapunguza inazeeka bila kupata mrithi. Ukaniuliza mimi shangazi yako, "Maman mukubwa, kama wote wanaogopa, kwa nini wasiyatupe tu wapumzike?"

Nikaendelea kuchambua. Jibu nilikuwa nalo, lakini ndani yake kuna kaburi, na jibu la namna hiyo halitolewi huku mtu anatupa mawe ya maharagwe.

Sikusoma sana, unajua. Wazazi wetu walizama ziwani wakitoka soko la Kalehe, nikiwa ndiyo kwanza nimeanza sekondari. Nikaweka vitabu chini, nikabeba beseni la sambaza, vidagaa vya ziwa letu, hadi mtaa ukaniita Maman Sambaza. Mimi nilikuwa mkubwa. Nyuma yangu alikuwa Safari, baba yako, na wa mwisho alikuwa Furaha, aliyeimba katika kwaya ya watoto parokiani na kutuchosha kwa mazoezi yake tangu alfajiri. Kwa hiyo mambo ya mabomu makubwa siyajui kwa vitabu. Nayajua kwa ukuta.

Milima hii ya Kadutu unaifahamu: mvua ikizidi, ardhi inahama. Mwaka ule udongo uliteremka ukabeba miti ya mpaka kati yetu na jamaa wa Papa Mweze, jirani wa upande wa juu. Kipande kilichobaki bila mwenyewe hakikutosha hata kuanika mihogo ya nyumba moja. Kila upande ukasema ni chake. Wazee husema usipoziba ufa utajenga ukuta. Sisi ufa tuliuacha, na ukuta tukaujenga mrefu.

Wao wakaleta mbwa. Safari akapanga vipande vya chupa juu ya ukuta. Justin, mtoto mkubwa wa Papa Mweze, akawa ananoa panga kila jioni karibu nasi ili tusikie. Safari akanunua panga refu zaidi, naye akanoa.

"Eh, Safari!" Justin alipaza sauti siku moja, akilidhihaki kuwa la kukatia kisamvu. "Hiyo panga yako iko ya kukata sombe?"

"Kuja hapa tuone kama weye uko sombe!"

Wapita njia walicheka, nami nilicheka. Kisha Justin akaja na bunduki aliyouziwa na askari mtoro, na kicheko kikaisha.

Ndipo Safari alipoleta guruneti, bomu la kutupa kwa mkono. Alipanda juu ya kiti akawaonyesha jirani kupitia juu ya ukuta, kama mvuvi anavyoonyesha samaki mkubwa. Nilimwambia aitoe ndani ya nyumba anamolala Furaha. Akanijibu kwa upole, akiniita Yaya kama wadogo wanavyomwita dada mkubwa, maana baba yako hakuwa mtu mbaya: "Yaya, siyo ya kutumia. Iko tu ili bajue kama iko." Kwa kuhofia wezi akawa anaihamisha mahali, leo huku, kesho kule, wala hamwambii mtu. Na kweli, mwanangu, hakuna aliyetugusa. Kama ungemuuliza siku zile, angekuapia kwamba guruneti imeleta amani. Nasikia wakubwa wa dunia nao huapa vivyo hivyo.

Sasa tufike barazani. Muzee Birindwa alikuwa ameweka kibuyu cha kasiksi, pombe ya ndizi, katikati, na mirija mikavu pembeni. Kwetu Bushi, anayekaribisha ndiye anayeonja kwanza, mgeni ajue pombe haina sumu. Muzee hakuonja. Alitusogezea kibuyu akasema, "Munywe." Tukatazamana. Hakuna mkono uliosogea.

"Munaniogopa?" Akacheka, meno yake machache yakaonekana. "Kama ningetaka mufe, batoto bangu, ningewaacha tu muendelee vile munaendelea."

Kisha akavuta mrija, akanywa, akapangusa midomo. "Muliona? Kitu kidogo. Mutu mumoja anatangulia, wengine banapumua. Sasa, nani kati yenu atatangulia kuleta silaha yake hapa?"

"Baanze bao," Safari akasema.

"Aanze yeye," Justin akasema, karibu kwa pumzi ileile.

Hapo Muzee alikasirika, na kabla ya siku hiyo sikuwa nimewahi kumwona amekasirika. Alituambia jambo ambalo hata wanawe hawakuwa wamelisikia. Ujana wake aliupitisha Katanga, kwenye mgodi wa Wazungu, wakati wa vita vyao vikubwa. Walibeba mawe meusi mazito, wakayajaza katika mapipa, mapipa yakapanda treni. Hakuna aliyewaambia ni ya nini. Miaka mingi baadaye ndipo alipojifunza kwamba mawe ya mgodi ule ndiyo yaliyotiwa katika bomu lililoteketeza mji mzima kule Japani, watoto wakiwa njiani kwenda shule.

"Miye nilibeba," akasema, akitazama viganja vyake. "Nilibeba kwa mikono hii, na sikujua. Bale benye kutengeneza balisema: tutengeneze sisi kabla adui hajatengeneza. Adui akaisha, bomu likabaki. Mwingine akaona, akatengeneza lake. Wa tatu akatengeneza. Kila mutu anasema, aanze mwenzangu. Tangu nikiwa kijana mpaka nimekuwa na vitukuu, hakuna nyumba kubwa yenye imemaliza kutoa yote. Na ninyi, kwa kipande cha matope, munataka kunionyesha hiyo tena mbele ya mulango yangu?"

Justin aliinamisha kichwa. Safari alikuwa na machozi. Wakakubaliana kwamba baada ya misa ya Jumapili kila mmoja ataleta chake, na kila nyumba itamruhusu jirani aingie aangalie hadi chini ya kitanda. Jumapili ilikuwa mbali kidogo tu. Lakini mvua, mwanangu, haikuwa barazani, haikukubaliana na mtu.

Mlima ulishuka Ijumaa mchana. Safari alikuwa amekwenda Walungu kununua maharagwe ya kuuza. Mimi nilikuwa sokoni. Nilipopanda mbio nikakuta nyumba yetu imelala chini ya tope, na sauti ya Furaha inatoka ndani yake, ndogo, inaita "Yaya." Watu walikuwa wamejaa tayari, na wa kwanza mwenye koleo mkononi alikuwa Justin. Walikuwa wameanza kuchimba kwa nguvu, majembe na makoleo, udongo unaruka.

Kisha mtu mmoja akapiga kelele: "Muache! Muache! Guruneti iko mule!"

Majembe yote yakasimama hewani.

"Maman Sambaza, aliiweka wapi?" Justin akaniuliza. "Sema haraka, iko wapi?"

Sikujua. Safari peke yake ndiye aliyejua, na Safari alikuwa Walungu.

Watu wakarudi nyuma, hatua kwa hatua. Siwalaumu, wengi walikuwa na watoto migongoni. Yale tuliyowaonyesha juu ya ukuta, walikuwa wameyaona vizuri. Guruneti ilifanya kazi yake barabara, mwanangu: iliwatisha. Ila haikuchagua nani wa kutisha. Mchimba kisima huingia mwenyewe, na sisi tulikuwa tumemweka mdogo wetu ndani.

Justin alitupa koleo. Akapiga magoti, akaanza kuchimba kwa vidole. Papa Mweze akaja akapiga magoti upande wa pili, nami katikati yao. Tuliondoa tope kama mama anavyomtoa mtoto taka jichoni, polepole, tukipapasa kila jiwe kabla ya kulivuta. Furaha aliendelea kuita. Nikamwambia tunakuja. Nikamwambia tena. Kazi ambayo makoleo yangeimaliza kabla ya mvua kurudi, sisi tuliifanya hadi jioni. Tulipomfikia alikuwa mzima wa mwili, hana hata mfupa uliovunjika. Hewa tu ndiyo ilikuwa imemwishia.

Mabega yangu bado yanakumbuka uzito wake, naomba nisiseme zaidi hapo.

Kwenye matanga, Safari alikaa chini akiwa hawezi kumtazama mtu. Justin akaingia na bunduki, vidole vimefungwa vitambaa, akaiweka miguuni pa Muzee bila kungoja Jumapili. Safari hakuwa na cha kuweka. Askari walikuja wakachomachoma tope, wakaondoka mikono mitupu. Guruneti ile haikupatikana, na haijalipuka mpaka leo. Baba yako aliishi miaka mingine kumi na kitu, ukazaliwa wewe, lakini Furaha hakumtaja tena kwa jina. Ndiyo maana, ulipokuja mwezi jana na kamba na vijiti upime msingi wa chumba chako cha ndoa pale palipoota nyasi ndefu, ilipolala nyumba yetu ya zamani, nilikunyang'anya kamba bila kueleza. Ulikasirika. Sasa umejua. Chumba chako tutakijenga upande wa barabara, hata kama ni kidogo.

Basi sikia, mwanangu. Silaha haihitaji kulipuka ndiyo iue. Inakaa kimya kwa miaka, na siku ya shida inawazuia majirani kukufikia. Wale wanaozunguka duniani wakiomba mataifa yaweke sahihi, yaruhusu wakaguzi waingie, yapunguze hili na lile, usiwacheke ukisema ni watu wa maneno. Wanatafuta nyumba moja itakayotangulia. Wazee wa Japani waliookoka moto ule wakiwa watoto wanazidi kupungua, na bado wanasimulia. Wakitajwa redioni, ongeza sauti. Na wewe, katika kiwanja chako, ukiona unangoja adui yako aanze kuwa mwema, jua naye amekaa upande wa pili anakungoja. Tangulia. Nenda mchana, nenda na shahidi, fungua mlango wako aone. Usiseme Jumapili kama unaweza kusema leo.

Mungu akujalie jirani mwenye mikono kama ya Justin. Akupe nyumba isiyo na kitu cha kufichwa, mke asiyelala kwa hofu, na watoto watakaokuzika wewe, si wewe kuwazika wao. Mvua ikija, ikukute salama. Amina.