Bei ya Mbuzi wa Kaikor

Kwa miaka mitatu kazi yangu ilikuwa kuwauliza watu wameuza mbuzi wao kwa bei gani. Nilisimama mlangoni mwa soko la mifugo la Kakuma, pale ua wa miiba ulipoachwa wazi, na kila muuzaji aliyetoka bila mnyama nilimsogelea nikamuuliza. Jibu lake nililiingiza kwenye simu niliyopewa na mradi. Kufikia saa nane mchana ujumbe mfupi ulikuwa umewafikia wafugaji wote waliojiandikisha, kuanzia Lopur hapo jirani hadi Kaikor juu kabisa kaskazini: Kakuma, mbuzi dume wa wastani, bei fulani.

Wazo lilikuwa zuri, na hadi leo naamini ni zuri. Mfugaji wa mbali humuuzia mwenye duka wa karibu, na mwenye duka anajua kwamba mfugaji hajui. Ukimpa mfugaji bei ya sokoni, umempa mdomo wa kubishana nao. Hivyo ndivyo tulivyoambiwa Lodwar siku ya mafunzo, kwa Kiingereza asubuhi yote, na kwa Kiswahili baada ya chakula wakati watu walikuwa wanasinzia.

Mimi sikuingia kazi hiyo kwa sababu ya wazo. Niliingia kwa sababu nilikuwa nimerudi na sikuwa na mahali pa kurudi. Nilizaliwa Kataboi, kando ya ziwa, nikasoma sekondari Lodwar, kisha nikaondoka kama mtu anayekwenda dukani. Nililinda ghala Kitale, nikachanganya saruji Naivasha, nikakata maua, nikauza viatu vya mitumba Eldoret, na kila nilipofika nilikaa nikiisimulia Kataboi kwa watu ambao hawakuuliza. Niliporudi, nikiwa na miaka arobaini na kitu, wazazi wote wawili walikuwa wamekwisha kufa, na ziwa lilikuwa limepanda likafunika mahali nyumba yetu ilipokuwa. Nilisimama kwenye maji yaliyofika magotini, nikikisia mlango ulikuwa upande gani. Siku ya pili nikapanda lori la kwenda Lodwar, na kutoka Lodwar nikaja Kakuma, ambako kila mtu ametoka mahali pengine na hakuna anayekushangaa.

Nilipanga chumba cha mabati upande wa mji. Simu yangu ilikuwa na namba za watu mia na zaidi, na wote walinijua kwa jambo moja. Walinipigia mara moja wakakata, ili niwapigie mimi. "Mbuzi ngapi?" Nikijibu, wanakata. Vijana wa sokoni waliniita Buda Bei, yaani mzee wa bei. "Buda Bei, leo mbuzi wanasemaje?" wananiuliza, na kabla sijajibu wamekwisha pita.

Mmoja tu hakuwa hivyo. Alikuwa mama wa Kaikor, mjane, ambaye alipanda kilima kila siku ya soko jioni ili apate mtandao, na alipiga kwa pesa yake mwenyewe. Tulisema Kiturkana; nayaandika hapa kwa Kiswahili.

"Ejok, mwanangu."

"Ejok, mama."

"Huko mmeona wingu?"

"Hatujaona."

"Hata huku. Umekula nini leo?"

"Nimekunywa chai."

"Chai si chakula. Huna mke wewe?"

"Alirudi kwao, mama."

"Alirudi yeye, au wewe ndiye uliyeondoka?"

Nilicheka, kwa sababu alikuwa amekisia sawasawa. Bei alikuwa anaiuliza mwisho, kama mtu anayekumbuka kitu akiwa tayari mlangoni. Ikawa kwamba siku ya soko nilikuwa namaliza kazi mapema, naketi nje ya chumba changu na simu mapajani, sifanyi lolote.

Mwaka mmoja mvua haikuja, na uliofuata ikaja siku mbili tu. Mama alikuwa amebakiwa na mbuzi jike wachache wa maziwa, na dume sita waliohasiwa. Dume hao ndio waliokuwa akiba yake. Alitaka kuwauza kabla hawajakonda, anunue mahindi na maharage ya kuivusha nyumba yake hadi mvua nyingine: yeye, wifi yake, na wajukuu wanne. Mwenye duka wa Kaikor alikuwa amempa bei ya elfu tatu kila mmoja. Ujumbe wangu ulisema elfu sita.

"Kuja huko ni siku sita kwa miguu," aliniambia. "Na mbuzi hawa hawana nguvu ya kuchezea. Hiyo sita ni ya kweli?"

"Ndivyo wanavyoniambia, mama."

"Sikuulizi wanavyokuambia. Nakuuliza wewe."

Nilitazama simu ya mradi. Sita, sita, sita, tano na nusu, sita. Mwezi uliopita, kwenye mkutano wa Lodwar, bwana wa ofisi alikuwa ameonyesha ukutani michoro ya masoko yote, na mstari wa Kakuma ulikuwa umenyooka kuliko yote. Alinisimamisha nipigiwe makofi. Data zako ni safi, alisema, hazirukiruki.

"Ni ya kweli," nikamwambia mama.

"Basi nakuja."

Nilingoja siku hizo sita kwa namna ambayo sikuwa nimemngojea mtu kwa miaka mingi. Nilifagia chumba. Nilinunua tumbaku na sukari. Nilimwomba jirani yangu, mwanamke Mkongo anayeuza mandazi, aniazime kiti cha pili. "Mgeni ni wa kiume ao wa kike?" akaniuliza. Nikamwambia ni mama. "Mama yako?" Nikakawia kujibu, naye akanipa kiti.

Siku ya soko nilimtambua kwa sauti kabla sijamtambua kwa uso. Alikuwa mfupi kuliko nilivyomfikiria, shanga zimemjaa shingoni, vumbi hadi kwenye kope. Wifi yake alikuwa nyuma, akiwachunga mbuzi kwa fimbo. Mbuzi walikuwa watano.

"Wa sita alilala njiani, akakataa kuamka," alisema. Kisha akanishika mkono kwa mikono yake yote miwili. "Kumbe wewe ni mtu mzima. Kwenye simu nilidhani ni kijana."

Nilitaka kumpeleka anywe chai kwanza. Alikataa, alisema mbuzi akisimama sana juani anaonekana mgonjwa. Akaingia uani moja kwa moja.

Aliyemjia alikuwa mchinjaji wa kambi ya wakimbizi, kijana mrefu kutoka Sudan Kusini ambaye hununua kila wiki, na ambaye nilikuwa namsalimu tu kwa kichwa. Alimpapasa dume wa kwanza mgongoni, akamkamata wa pili ubavu.

"Mama, hii mbuzi imetembea sana. Nyama yote imebaki kwa njia. Mimi nakupa tatu."

Nilimtafsiria. Mama alinitazama mimi.

"Simu ilisema sita," nikamwambia mchinjaji.

"Sawa. Peleka kwa simu, ikule."

Watu walicheka. Nikajikaza. "Ndugu yangu, wiki iliyopita mmenunua kwa sita. Niliandika mwenyewe."

"Nani amenunua sita? Mimi?" Sasa hakuwa anatania tena. "Mzee, wewe uliuliza nani?"

"Waliouza."

"Kwa nini hukuuliza mimi? Mimi ndiyo nililipa." Akaanza kuhesabu kwa vidole, mbele ya wachinjaji wenzake wawili waliokuwa wakiitikia. Wiki iliyopita, tatu na nusu. Iliyotangulia, nne, wanyama walikuwa wazuri kidogo. Sita? Sita hajawahi kulipa tangu ukame uanze, na hamjui aliyelipa.

Lodwar walituambia tusiwaulize wanunuzi, kwa kuwa mnunuzi hushusha bei makusudi. Lakini hata wasingetuambia nisingewauliza. Waliokuwa wakiuza walikuwa watu wangu.

Mama alishindana na yule kijana kwa nusu saa, mimi nikiwa katikati nikitafsiri, hadi wakasogea pembeni na kumaliza wenyewe kwa ishara za vidole, kama kawaida ya soko lile. Pesa ilikunjwa ikaingia kiganjani. Mchinjaji alipopita karibu yangu alisema, bila ubaya, "Tatu na nusu. Nimeongeza kwa sababu ya umri yake."

Tatu na nusu kwa watano. Mwenye duka wa Kaikor angempa zaidi kwa wale sita, bila kutembea hatua moja.

Alitoka uani taratibu. Mlangoni palikuwa na wazee watatu wa Lopur waliokuwa wameegemea fimbo zao, na mmoja akamwita kwa heshima.

"Mama wa kaskazini! Wamekupa ngapi?"

"Sita," alisema. Uso wake haukutikisika.

Mzee akaitikia kwa kichwa. "Inawastahili. Yule mwekundu mwenye baka jeupe alikuwa dume kweli. Mimi pia walinipa sita."

Nilibaki na simu mkononi. Nilikuwa nimelisikia jibu hilo miaka mitatu, na kabla ya hapo nililisikia utotoni Kataboi, nimesimama kando ya baba yangu akitoka kumuuza dume wake kwa bei ya kutupa. Mtu akimuuliza, alitaja bei aliyoitamka kwanza, ile iliyomstahili mnyama. Hakuona kuwa anadanganya. Mbuzi uliyemzalisha kwa mikono yako, ukamwita kwa rangi yake, ukamtafutia maji, huwezi kumtangaza mbele ya watu kwa bei ya njaa. Huko ni kumtukana, na kujitukana nawe. Kila Mturkana analijua hilo. Mimi nililijua. Niliishi mbali miaka mingi, nikarudi na simu, nikaandika heshima ya watu kama vile ni bei.

Nikampeleka mama kivulini, ukingoni mwa mto Tarach, ambao wakati huo ulikuwa mchanga mtupu.

"Mama, nisamehe."

"Ulisema ni kweli."

"Nilisema."

Alifungua ncha ya shuka lake, akatazama ndani, akaifunga tena. "Nilikuuliza wewe kwa sababu wewe husomi namba tu, unajibu mtu. Mwenye duka anadanganya, lakini yeye namjua."

Simu ya mradi ikalia. Ilikuwa karibu saa saba na nusu, na ofisi ilikuwa ikikumbusha bei. Mama akaniuliza inataka nini. Nikamwambia.

"Basi iambie sita. Umenisikia nikisema."

"Mama, kuna watu wa Kaikor wanaongoja ujumbe huu. Wakisoma sita, watakuja. Siku sita kwa miguu."

Wifi yake akasema jambo kwa sauti ndogo. Nadhani alitaja jina la jirani yao.

"Wanangoja, ndiyo," mama akasema. "Walisema nitangulie, nikirudi salama nao wataondoka."

"Niandike tatu na nusu?"

"Ukiandika hivyo, watajua niliuza kwa tatu na nusu."

"Ujumbe hautaji jina la mtu."

"Mwanangu, nani mwingine wa Kaikor aliyekuja Kakuma wiki hii? Nitafika nyumbani, nimewaacha dume wangu kwa bei ya ngozi, na hata nikitaka kuwatetea kwa mdomo sitaweza. Simu itakuwa imefika kabla yangu."

Nilingoja aseme niandike ipi. Hakusema. Alichukua fimbo kutoka kwa wifi yake, akaiweka begani, wakashuka mchangani kuelekea madukani kununua mahindi. Tumbaku na sukari vilikuwa bado chumbani kwangu, wala sikumkimbilia kumwambia.

Niliandika elfu tatu na mia tano, nikatuma.

Lodwar walinipigia kesho yake wakidhani nimekosea kubonyeza. Niliwaeleza kwa urefu. Bwana wa ofisi akauliza kama hali ni hiyohiyo katika masoko mengine, nami nikamwambia ayaulize masoko mengine. Tangu hapo tunaruhusiwa kuwauliza wanunuzi pia. Wiki zilizofuata hakuna aliyeshuka kutoka Kaikor. Sijui dume wao waliishia kwa mwenye duka, au walikufa, au mvua iliyonyesha kidogo mwezi wa tatu iliwawahi. Nilimpigia mama siku nyingi za soko, jioni ile saa yake. Mara nyingi hakupatikana. Mara mbili simu iliita, ikaita hadi mwisho.

Bado nasimama pale mlangoni. Namba ninazotuma sasa zinapanda na kushuka kama zinavyotakiwa. Nazipata kwa yule mchinjaji na wenzake, ambao hunitajia haraka haraka huku wakifunga kamba. Wazee wa Lopur wameshajua ninachoandika. Zamani walikuwa wakisimama nami kidogo wakitoka, wananisifia dume waliowauza, pembe zake, rangi yake, jinsi alivyokuwa akiongoza kundi kwenda majini. Sasa wakifika mlangoni wanashika fimbo mkono wa upande wangu na kupita wakitazama barabara, kama wanavyompita askari wa kizuizi cha barabarani.