Mahindi Niliyoyang'oa Kabla ya Kesi

Siku niliyong'oa mahindi yangu mwenyewe huku nalia, mwanangu, naikumbuka kuliko siku ya harusi yangu. Keti nikusimulie, na hiyo simu iweke chini.

Hapa Kilelengwani alikuja mwekezaji mmoja na trekta, akitaka kulima mashamba yetu ya kando ya mto. Shangazi yangu Roda, mwanamke mfupi asiyeogopa mtu, akatuongoza mpaka kortini Garsen. Jaji akatoa amri: mpaka kesi iamuliwe, asiguse mtu ardhi ile, si wao wala si sisi. Tulirudi na vigelegele, nami kwa ujana wangu nikadhani tumekwisha shinda.

Hazikupita wiki mbili, trekta likarudi na kulima. Shangazi hakupiga kelele. Alikwenda kwa wakili akala kiapo, akaweka dole gumba: mwekezaji ameidharau mahakama, sisi tumetii, hakuna hata mmoja wetu aliyetia jembe.

Mimi je? Mto ulikuwa umefurika na maji yameanza kupungua, na wewe wajua, tope likikauka kabla hujapanda, msimu umekwenda. Nikasema, kama yeye ameivunja amri, mimi ni nani niiheshimu? Nikapanda kipande changu. Wala sikuona haya, nisikufiche. Mahindi yakatoka, yakanifika magotini, mazuri mpaka unataka kuyaimbia.

Shangazi aliyakuta siku nne kabla ya kesi hiyo ya dharau kusikilizwa. Alinitazama mpaka nikainama.

"Haya ni ya nani?"

"Yangu, shangazi. Lakini wao ndio walioanza."

"Walioanza watajibu yao. Mimi nimeapa kwa Mungu kwamba hatukugusa. Umenifanya mwongo na uzee huu! Ng'oa. Na kesho twende kwa wakili, ukaseme kwa kinywa chako."

Loo, niling'oa! Kila shina niliona ni sahani ya watoto wangu. Siku ile nilimchukia shangazi kwelikweli. Kesho yake wakili akaandika yote, nikatia sahihi, na shangazi naye akarekebisha kiapo chake.

Siku ya kesi, wakili wa mwekezaji akasimama kwa maringo, picha za mahindi yangu mkononi. "Mheshimiwa, hawa nao wamepanda!"

Jaji akafungua faili taratibu. "Hilo nimeshalisoma. Mama huyu aliyepanda ameliandika mwenyewe, na ameyang'oa." Akanionya vikali kwamba nikirudia nitalala ndani, nami nikaitikia kwa kichwa kama mtoto wa shule. Kisha akamgeukia meneja wa mwekezaji. "Na trekta lako liko wapi leo?"

Yule bwana akakiri. Lilikuwa bado shambani! Akapatikana na hatia ya kudharau mahakama: aliondoe kabla ya jua la kesho kuzama, au aende jela.

Hakungoja kesho, mwanangu. Jioni ileile trekta liliondoka, sisi tumejipanga kando ya barabara tunaimba, shangazi mbele anacheza na miaka yake yote. Nilimkumbatia nusura nimwangushe. Na kesi yenyewe ilipoamuliwa, ardhi ikabaki yetu. Ugali unaokula hapa nyumbani unatoka palepale.

Sasa nasikia nanyi mna amri ya korti kuhusu njia ya mifugo, na vijana mnasema wenzenu wameivunja, basi nanyi mvunje. Msithubutu! Amri uliyoiomba inakufunga wewe kwanza. Mwenzako akiivunja, mpeleke kwa jaji, usimuige. Na ukiwa umekosea, sema mwenyewe kabla mpinzani hajakusemea, hata kama kusema huko kutakugharimu mavuno ya msimu mzima.

Mungu akupe kusimama mbele ya jaji yeyote ukaseme kweli yote, hata ile inayokuumiza, na urudi nyumbani unaimba. Amina.