Aliyefukuza Kuku Mbele ya Kamera

Jumamosi madirisha ya darasa la misheni hapa Kilimatinde yalizibwa kwa mablanketi, tukaonyeshwa sinema ya familia zetu, aliyoipiga mwalimu Mzungu mwaka jana. Filamu ilikwenda Ulaya kuoshwa, na kabla haijarudi mke wangu alifariki. Sina picha yake hata moja, kwa hiyo niliwahi benchi la mbele.

Siku ile ya kupigwa, mwalimu alituomba tuendelee na kazi zetu. Lakini sisi tulijua kwamba picha ni kusimama. Tukajipanga mbele ya nyumba, mikono imenyooka, bila kupepesa macho. Mke wangu peke yake alitoka mstarini kumfukuza kuku aliyeingia kwenye mtama.

“Mama, unaharibu picha!” nilimkemea.

“Picha haili mtama, Baba. Kuku anakula.”

Jumamosi, kwenye shuka jeupe lililotundikwa ukutani, sisi tulionekana tumekauka kama vigingi. Yeye alikimbia, akainama, akapunga ungo, akacheka. Shemeji yangu, aliyekaa nyuma yangu, akauliza kwa sauti, “Shemeji, mbona hapo mzima ni dada peke yake?”

Darasa zima likacheka, nami nikacheka huku nikifuta macho. Nikamwomba mwalimu airudishe. Akaizungusha filamu kinyume huku taa ya mashine ikiwaka, na mke wangu akaja kinyumenyume, ungo mkononi, mpaka akasimama tena ubavuni kwangu. Nilimshukuru Mungu.

Wasomaji, siku mkipigwa sinema, mkemeeni anayesimama wima. Anayefukuza kuku mwacheni.