Kisigino cha Munee

Si kweli kwamba marehemu Munee, mume wa Mwalimu Kaluki, aliizamisha ndege ya mizigo. Wanaovumisha hayo hapa Msambweni hawajawahi kuegesha hata mkokoteni.

Miaka ishirini Munee alizielekeza ndege uwanjani kwa vibao viwili mkononi. Kabla ya ndege nzito kuingia, alikuwa akivua kiatu na kuikanyaga lami kwa kisigino. Palipobonyea kwa jua, hapakuegeshwa kitu. Siku ile palibonyea. Akapishanisha vibao juu ya kichwa, na rubani akasimama. Mkubwa mmoja mwenye tai, aliyekuwa na haraka ya chakula cha mchana, akamnyang'anya vibao akaiita ndege mwenyewe. Gurudumu likazama nusu. Ripoti akaiandika huyo huyo mwenye tai.

Juzi sokoni Jumwa, muuza samaki, alimwuliza Kaluki, "Ati marehemu alisinzia kazini, Mwalimu?"

"Pweza wako ananuka tangu majuzi, Jumwa, na sijamwambia mtu. Kisigino cha mume wangu kilikuwa na elimu kuliko tai ya mkubwa wake."

"Sasa mbona hakujitetea?"

"Nipimie samaki changu, kilo moja. Zaidi ya hapo sisemi."