Siku Nilipoipiga Mwita Nchi Kavu

Siku yangu ya kwanza kazini sikupiga ngoma hata mara moja. Mukubwa wa Nyumba ya Ngoma, hapa Kalemie, alinipa kopo la mawese na kitambaa, akaniambia nipake ngozi mpaka aseme basi. Nilipaka asubuhi nzima. Muchana nikamuuliza nitaanza kupiga lini. Akanitazama kutoka miguu mpaka kichwa, akacheka.

“Weye unataka kupiga? Hata haujajua bado unamupigia nani!”

Haya, nyinyi vijana wa leo nanyi hamjui, kwa hiyo niwaeleze. Wakati wa Zaire, muntu akizama na ziwa likakataa kumurudisha, familia haikwenda kwenye biro, yaani ofisi, ya mukubwa yeyote. Ilikuja kwetu. Tulikuwa na ngoma tatu. Mbili ndogo zilishika mwendo. Ya tatu, ile kubwa, iliitwa Mwita, kwa sababu kazi yake ilikuwa kuita. Katikati ya ngozi yake tulibandika nta nyeusi ya nyuki ili sauti izame chini, na kabla ya safari tuliikanza, yaani tuliiweka karibu na moto mpaka ngozi ikazane. Tukifika katikati ya maji, Mama Mwimbaji alitaja jina la aliyezama na jina la mama yake, halafu mupigaji akapiga. Na maji yalijibu. Siwapigii hadithi! Sauti nzito ilitoka chini, tukaifuata kwa makasia, na pale iliponyamaza muntu alipanda juu mwenyewe. Familia ikapata wa kuzika.

Sheria kubwa ilikuwa moja: Mwita haipigwi nchi kavu. Kutoka nyumbani mpaka ziwani ilibebwa kichwa chini, mudomo umefungwa kitambaa cheupe, na wabebaji hawakusalimia muntu njiani. Ngoma za sherehe zilijaa mujini. Hii ilikuwa ya wafu peke yao.

Nilipojua kazi nilipelekwa Kabimba, ambako vumbi la chokaa lilitusumbua na ngozi tukazifuta kila siku. Kisha Ankoro, kwenye muto Luvua. Muto unajibu haraka, lakini jibu lenyewe linakimbia na maji, na wapiga makasia wakilegea mumelipoteza. Mukubwa wa kule alikuwa na majivuno, we acha tu. “Nyinyi wa ziwa,” aliniambia mbele ya wenzangu, “munapiga kama munabembeleza mutoto!” Wenzangu walicheka, na miye nikacheka nao, lakini iliniuma. Niliporudi Kalemie na kufanywa Mukubwa wa Nyumba, bado ilikuwa inaniuma.

Basi siku moja mukubwa wa muji akatuma mujumbe. Mugeni wa chama anakuja, panatakiwa animasyo uwanjani, ngoma na nyimbo na kucheza, kama ilivyokuwa desturi ya wakati ule. Wapigaji wa Ankoro nao wamealikwa. Mujumbe alisema wazi kabisa: “Sitwayeni,” njo vile raia wote tuliitwa wakati ule, “leta ngoma yoyote tu.”

Yoyote! Angenilazimisha, leo ningekuwa na wa kumulaumu. Mama Mwimbaji aliponiona natoa Mwita, alinishika mukono pale mulangoni. “Papa, ile hapana. Nakuomba.” Nikamuambia anyamaze, miye njo mukubwa hapa. Mupumbafu miye! Nikafungua kitambaa cheupe, nikaipiga Mwita uwanjani mbele ya watu wote. Ankoro hawakusikika tena. Wamama walipiga vigelegele, mugeni akasimama, na Mungu anisamehe, nilifurahi sana siku ile.

Haukupita muda murefu, mutumbwi wa muvuvi mumoja, Sumaili, ukapinduka. Muke wake, Mama Feza, alikuja kutuita. Tukatoka asubuhi, Mama Mwimbaji akataja jina, nikapiga. Kimya. Tukabadilisha mahali, nikapiga tena, nikapiga mpaka vidole vikapasuka na damu ikaingia kwenye nta. Maji hayakusema kitu. Tulitoka siku tatu, na siku zote tatu Mama Feza alisimama anatungoja, miguu ndani ya maji, kikwembe kimelowa mpaka magotini. Siku ya tatu nilishuka mutumbwini sina kitu cha kumupa. Sumaili hajaonekana mpaka leo.

“Papa, njo miye mwenye kosa,” Mama Feza akaniambia. “Asubuhi ile tuligombana. Nilimuambia aende asirudi. Ziwa limenisikia.”

Ilinipasa niseme pale pale kwamba kosa ni langu. Neno moja lingetosha. Lakini watu walikuwa wamesimama wanasikiliza, na miye mukubwa wao. Mama Mwimbaji alinitazama, anangoja. Nikasema, “Pole, Mama.”

Mama Feza akabaki na imani hiyo. Hakuolewa tena. Ndagala, samaki wale wadogo, zikipatikana aliniletea fungu, ati aksanti kwa vidole vyangu vilivyoumia. Nilikuwa nazipokea. Nilikuwa nazila!

Mwita haikujibiwa tena, hata kwa wafu wa familia nyingine. Nilisingizia ngozi, nikaibadilisha mara mbili. Mama Mwimbaji akarudi kwao, familia zikaacha kutuita, na miye nikastaafu kwenye nyumba yenye ngoma tatu na kazi hamuna. Watu wananiuliza kama najuta desturi kupotea. Najuta, ndiyo. Wazee wengi waliitunza, na miye njo niliyeiharibu kwa muchana mumoja. Lakini kuna linalonichoma kuliko hilo.

Zaire ikikaribia mwisho, Mama Feza aliugua, akatuma watoto wake waniite. Nilimukuta amekonda, sauti imebaki kidogo. Akawaambia watoto watoke nje, tukabaki wawili.

“Papa, weye ulikuwa unaongea na maji. Niambie kweli. Nikifika kule, Sumaili atanipokea? Ama bado ananikasirikia kwa maneno yangu?”

Hapakuwa na muntu wa kunisikia zaidi ya yeye. Nikafungua kinywa.

“Mungu amekusamehe, Mama,” nikamuambia.

Akafunga macho, akatabasamu. “Aksanti, Papa.”