Maharagwe Yaliyong'olewa Kwenye Gemu

Wewe unayenisikiliza, kama hujawahi kugusa gemu ya kompyuta maishani mwako, usijali. Mimi pia nilianza bila kujua chochote, na nitakueleza pole pole mpaka tufike pale nilipokosea.

Dada yangu mkubwa anaishi Shinyalu, kwenye shamba la mahindi na majani chai kidogo. Binti yake wa pekee anafanya kazi za nyumbani Doha. Kila Ijumaa, siku ya mapumziko ya binti, walikuwa wakikutana ndani ya gemu ya shamba. Kila mmoja ana mtu wake kwenye skrini, wanalima shamba moja, huku wanapiga soga kwa simu. Dada alisema simu tupu haiwafai: wanaulizana habari za afya, halafu wote wananyamaza. Wakilima pamoja, maneno yanakuja yenyewe.

Kisha dada akapata kiharusi. Mkono wa kulia ukalegea, na wa kushoto peke yake ukashindwa na kibodi. Ijumaa tatu mtu wake alisimama tu kando ya shamba, binti akilima peke yake.

"Nitamwambia aache," dada aliniambia. "Siku moja ya kupumzika kwa wiki, aipoteze na mama aliyesimama kama mti?"

Jumatano nikatoka kwangu Shieywe na laptopu, nikaenda kwake. Nilikuwa nimesoma kwamba msaidizi wa akili bandia, yule unayemwandikia swali akakujibu, anaweza pia kumwongoza mtu wa gemu. Si vigumu. Kuna gemu, kuna msaidizi, na katikati kuna programu ndogo inayowapatanisha. Programu hiyo humweleza msaidizi kwa maandishi mtu wa gemu amesimama wapi na kuna nini karibu naye. Msaidizi hujibu kwa amri fupi, kama nenda, chimba, mwagilia, na programu hiyo hiyo huzipeleka kwenye gemu. Dada angesema tu, simu yake igeuze sauti kuwa maandishi ya kumpelekea msaidizi. Nilihangaika asubuhi nzima, na mara mbili nilikosea kunakili namba za siri za kuunganishia. Ukikwama hapo, rudia taratibu. Hukwami kwa sababu ya ujinga.

"Nenda kisimani," dada akasema.

Mtu wake akageuka, akatembea hadi kisimani.

"Kumbe anatumwa anaenda!" Dada alicheka mpaka akashika ubavu. "Si kama wewe. Wewe ulikuwa ukitumwa maji unarudi na hadithi."

Alhamisi akataka binti akute shamba safi. Akamwambia msaidizi, "Palilia mahindi yote, mpaka kwa ua. Usiache kitu." Nikaona kazi inaanza vizuri, tukaenda jikoni kunywa chai.

Tuliporudi, mahindi yalikuwa yamesimama peke yake kwenye udongo mtupu. Magugu yote yalikuwa yameondoka, na maharagwe pia, yale ambayo binti alikuwa ameyapanda katikati ya mahindi Ijumaa iliyopita.

Nikamwandikia msaidizi: kwa nini umeng'oa maharagwe? Akajibu kwamba aliambiwa apalilie mahindi asiache kitu, akaondoa kila kisichokuwa mahindi. Aliomba radhi, akauliza kama tunataka apande mengine.

"Lakini sisi hupandanga pamoja!" dada akasema. "Nani hajui?"

Kwetu kila mtu anajua. Ukimtuma jirani kupalilia mahindi, huna haja ya kumwambia aache maharagwe. Kwa hiyo hatukusema, na mimi niliyeunganisha vitu hivi sikukumbuka kuuliza. Nilitafuta njia ya kurudisha shamba lilivyokuwa, sikuipata, kwa sababu gemu ya watu wawili hujihifadhi yenyewe kila mara.

"Mwambie binti ni kompyuta iliyoharibu," nikamshauri.

"Aliyetuma ni mimi."

Ijumaa alasiri binti akaingia kwenye gemu. Simu yangu ilikuwa mezani, sauti imefunguliwa.

"Mama! Umetembea! Nani anakushikia kibodi?" Mtu wa binti akafika kwenye mahindi. "Mama, maharagwe yangu yako wapi?"

"Nimeyapalilia."

"Maharagwe?"

"Nilisema asiache kitu, naye hakuacha. Mama yako mdogo ako hapa, amejificha nyuma ya laptopu."

"Mama mdogo, toka huko!" binti akasema, akicheka. "Wasomi wawili mmeshindwa na maharagwe."

Dada hakucheka. Akauliza, "Nikuache upumzike, ama?"

"Nipumzike na shamba liko hivi? Mama, chukua mbegu. Mimi nachimba."

Dada akaisogeza simu yake mdomoni. Safari hii alisema kila kitu: mfuate binti yangu, kila shimo analochimba weka mbegu mbili, mahindi usiyaguse, ukimaliza mstari mmoja simama uniulize. Mtu wake akafuata nyuma ya binti, shimo kwa shimo. Kufikia mstari wa tatu walikuwa wanamsema mwajiri wa binti, nami nikaenda kuosha vikombe.

Kwa hiyo nawe ukiunganisha msaidizi wako, kabla ya kumtuma mwandikie kwanza vitu asivyopaswa kugusa, hata vile ambavyo kwenu kila mtu anavijua. Mwache afanye mstari mmoja huku unatazama, kisha ndipo umwambie aendelee.