Nilivyomtembeza Mama Mkwe

Leo nacheka, ila juzi nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Mimi nauza sufuria Kariakoo, na Dar naijua kutoka dukani hadi nyumbani, basi. Sasa mchumba wangu Neema akamwambia mama yake wa Moshi kwamba mimi ni mtoto wa mjini, pwani yote naijua.

Mama akaja. Nikajiapiza kwamba siaibiki ng'o. Nikapakua kwenye simu programu ya watalii, ile inayokusimulia kila unapofika. Kidude cha kusikilizia nikakipachika sikioni, nikashusha kofia, tukaanzia Posta.

Kila nilichosikia, nilisema. Kazi hiyo naiweza: bosi hutaja bidhaa akiwa ndani ya duka, mimi mlangoni napaza sauti bila hata kufikiri.

"Kweli Neema kapata msomi," mama akasema.

Kichwa kikavimba. Tulipofika Feri, mnada wa samaki ulikuwa umepamba moto, hivyo nikaongeza sauti ya simu hadi mwisho, na yangu pia. Nikanyoosha mkono kuelekea baharini, wauza pweza wote wakinitazama, nikanguruma:

"Na hapa ndipo ziara yetu inapoishia. Kama umefurahia, tafadhali tupe nyota tano!"

Mama akasogea, akanivua kofia taratibu.

"Mwanangu," akasema, "hizo nyota nikupe wewe, au nimpe huyo anayekusemesha sikioni?"